Kuondoa Ombi Mahakamani: Hoja kutoka Migori na Homa Bay

Mlalamishi anapoondoa ombi lake mahakamani, Migori au Homa Bay, minong'ono huanza: amenunuliwa, au ametishwa. Dhana hiyo huwadhulumu wengi. Kuondoa ombi ili kufuata njia nyingine ya kisheria ni haki, mradi jaji apime mambo mawili: muda uliobaki na maslahi ya umma.

Tuchukue mkazi wa Nyatike, huko Migori, anayepinga leseni ya mazingira iliyotolewa kwa mgodi wa dhahabu. Sheria imemwekea Jopo la Kitaifa la Mazingira, na siku 60 za kukata rufaa huko. Akikimbilia ombi la kikatiba, atakutana na pingamizi la awali, kwa kuwa tangu kesi ya Spika wa Bunge dhidi ya Karume mwaka 1992, Mahakama ya Rufaa imeshikilia kwamba utaratibu mahususi uliowekwa na sheria sharti ufuatwe kwanza. Kifungu cha 9 cha Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 kimeukaza msimamo huo, ingawa kinaacha nafasi kwa hali za kipekee.

Kwa mkazi huyo, kuondoa ombi mapema ni busara. Kiini cha mgogoro hakijaamuliwa, kwa hiyo kanuni inayozuia kesi iliyokwisha kuamuliwa isirudi mahakamani haimfungi. Lakini zile siku 60 hazikusimama kumngoja.

Ruhusa nayo haitolewi kiholela. Kanuni ya 27 ya Kanuni za 2013 za kulinda haki za kimsingi inamtaka mlalamishi aijulishe mahakama na walalamikiwa, na inamruhusu jaji kuendelea kusikiliza ombi hata kama mwenyewe amelichoka, akieleza sababu zake. Hilo ni sahihi: mto uliochafuliwa hunywewa na wengi wasiotia sahihi ombi lolote.

Kesi za uchaguzi zinabana zaidi.

Ombi la kupinga ushindi wa gavana huwasilishwa ndani ya siku 28, na dhamana ya gharama ni shilingi 500,000. Muda huo ukipita, aliyejiondoa hana ombi jipya la kuleta. Ndiyo maana kanuni zinadai idhini ya mahakama na kumruhusu mpiga kura mwingine kuomba kushika nafasi yake. Ushindi wa Cyprian Awiti kama gavana wa Homa Bay ulibatilishwa na Mahakama Kuu mwaka 2018, Mahakama ya Rufaa ikakubali, kisha Mahakama ya Juu ikamrejesha mwaka 2019. Swali lililowagawa majaji wa ngazi tatu halifai kuzimwa kwa makubaliano ya faragha ya pande mbili.

Kwa hiyo majaji wamuulize kila anayejiondoa anakwenda wapi na kama muda wa huko bado upo, kisha waandike majibu hayo katika uamuzi wao. Mawakili nao wahesabu siku kabla ya kuandika notisi ya kuondoa ombi.