Jina Lisilotajwa Kang'ata

Swali lilinipata Kang'ata, wilayani Handeni, nje ya kibanda umiza. Filamu ilikuwa imekwisha, majina ya walioitengeneza yakipanda kwenye skrini. Binti wa shule ya msingi akanigeukia. "Shikamoo, mjomba. Hapa nchini hakuna mwanamke anayeongoza filamu?" Kabla sijajibu, wazee wawili wakamjibu: wapo, ila wameanza juzi tu, na hizi bongo movie. Jibu hilo nami nimelisikia miaka mingi, wala sijawahi kulipinga. Lakini nani amewahi kulipima?

Nikaanzia jirani. Husemwa kwamba sinema ya nchi hii ilizaliwa Dar es Salaam. Kumbukumbu za zamani zinaelekeza kwingine: Vugiri, katika Milima ya Usambara, upande wa Korogwe. Huko, kati ya 1935 na 1937, mradi wa Waingereza ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment ulitengeneza filamu fupi 35. Mbegu yake ilitoka mashambani. Mwaka 1926 Meja Notcutt, aliyesimamia mashamba ya mkonge, aliwaza kwamba sinema ingesaidia kuwafanya vibarua waridhike na kubaki kazini. Kumbe kamera ilitufikia mapema hivyo, tena mlangoni kwetu. Basi wanawake walikuwa upande gani wa kamera hiyo?

Nikaichambua orodha ya mada za filamu hizo. Safura. Kodi. Chai. Benki ya akiba ya posta. Picha hazikuwa na sauti. Maneno yalitoka kwenye santuri iliyochezwa sambamba nazo, na lori likazizungusha Tanganyika na nchi jirani. Mgeni anaongoza, mwanakijiji anaigiza, kisha sauti inamweleza mwanakijiji mwenzake namna ya kuishi. Jina la mwanamke mwongozaji sikulikuta. Njia ikafungwa pale Vugiri, ila sikuondoka mikono mitupu: nilikuwa nimeijua tabia ya kamera ile. Ilikuja kufundisha, haikuja kusikiliza. Nani basi aliyeigeuza?

Nikaruka hadi baada ya Uhuru, kwenye miaka ya themanini. "Arusi ya Mariamu", 1985: jina la mwanamke liko juu kabisa, nikadhani nimefika. Waongozaji ni Ron Mulvihill na Nangayoma Ng'oge. "Mama Tumaini", 1986: jina la mwanamke tena, na waongozaji ni Martin Mhando na Sigve Endresen. Ni kazi ninazoziheshimu. Lakini mara mbili nilimkuta mwanamke kwenye jina la filamu na wanaume nyuma ya kamera. Je, wazee wa Kang'ata walikuwa sahihi?

Hawakuwa sahihi. Mwaka 1987, wakati kaseti za bongo movie hazijaotwa hata ndotoni, Flora M'mbugu-Schelling alitoa "Kumekucha", filamu kuhusu wanawake wa Tanzania na kazi zao zinazoanza jua linapochomoza. Wapo watakaosema hiyo ni filamu ya hali halisi, haihesabiki. Pingamizi hilo nimelipima na kuliweka chini, kwa sababu tukilikubali, tutafuta sehemu kubwa ya historia ya sinema yetu. Wala sigombanii neno "wa kwanza". Barani Afrika, Safi Faye wa Senegal alikuwa ameshatoa "Kaddu Beykat" mwaka 1975. Ninachotaka kujua ni kingine: mwanamke huyu alifanya nini na kamera?

Jibu liko Kunduchi. Mwaka 1992 alitoa "These Hands", filamu ya dakika 45 kuhusu wanawake wanaoponda mawe kuwa kokoto kwenye machimbo, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji. Hakuna msimulizi. Nyundo inapanda, nyundo inashuka, jiwe linapasuka, mikono inakusanya. Wanawake wanaimba. Ukisubiri sauti ije ikuambie uwahurumie au uwashangae, utasubiri hadi mwisho. Nilipoitazama nikakumbuka santuri ya Vugiri, na hapo ndipo safari yangu yote ikajieleza. Miaka 55 baada ya mradi ule kufungwa, mwanamke wa Tanzania aliinyamazisha sauti ya mwelekezaji, ikasikika nyundo. Kwangu hilo ni kubwa kuliko cheo cha kutangulia. Mwaka huohuo, Kenya, Anne Mungai alikuwa akitoa "Saikati". Iweje basi tuendelee kusema wanawake wameanza juzi?

Nadhani tumechanganya kinachouzwa sokoni na kilichofanyika. "Kumekucha" na "These Hands" hazikuzungushwa kwenye vibanda umiza, na kisichoonekana kibandani huhesabiwa hakipo. Kwa hiyo nawaomba walimu na wazazi wa Kang'ata, Handeni na Korogwe: binti akiwauliza tena swali lile, msimwambie juzi. Mwambieni Flora M'mbugu-Schelling, "Kumekucha", mwaka 1987.