Miaka 150 ya Masasi: Kandanda Lilipanda Bara, Kriketi Ikabaki Pwani

Mwaka huu wa 2026 misheni ya Masasi inatimiza miaka 150 tangu Askofu Edward Steere alipowafikisha hapo, Novemba 1876, watu waliokombolewa utumwani kutoka Unguja. Sherehe za namna hii huelemea makanisa na maaskofu, ilhali wamisionari wa misheni hiyo walilelewa katika michezo miwili, kandanda na kriketi, mchezo ambao mpigaji wake hulinda kwa gongo bapa la mbao vijiti vitatu vilivyochomekwa nyuma yake.

Mfano mzuri wa malezi hayo ni Chauncy Maples, mmisionari wa Masasi aliyezaliwa 1852, ambaye wasifu wake, uliotayarishwa na dada yake na kuchapishwa 1897, unasifu zaidi utumishi wa madhabahuni. Maples alisoma Charterhouse, shule iliyokuwa bado ndani ya jiji la London kabla ya kuhamia Godalming mwaka 1872, na mwanafunzi wa huko hakuwa na namna ya kuikwepa kriketi wakati wa joto wala kandanda wakati wa baridi. Kandanda lenyewe lilichezwa kwenye ujia wa mawe, mwembamba na wenye paa, ambamo mpira wa juu haukuwa na pa kupita, hivyo aliyetaka kusonga mbele aliukokota miguuni huku wenzake wakimbana ukutani. Chenga zinazoshangiliwa leo viwanjani Newala zina ukoo na ujia ule, jambo ambalo waandishi wa historia ya kanisa hawajaona haja ya kulitaja.

Michezo yote miwili ilifundishwa Kiungani, kusini mwa mji wa Unguja, katika shule ya misheni iliyoanza na wavulana waliookolewa kwenye majahazi ya watumwa, na humo ndimo walimotoka walimu wengi wa bara. Baada ya Wangoni, walioitwa Magwangwara, kuishambulia Masasi mwaka 1882, Maples alihamia Newala kwa chifu Matola. Alizama Ziwa Nyasa mwaka 1895, miezi michache tu baada ya kuwekwa wakfu kuwa askofu.

Kriketi haikuota mizizi huku, na sababu si uvivu wa vijana, kama wapo wanaopenda kudhani. Mchezo huo hudai gongo la kununua, ardhi iliyosawazishwa na siku nzima ya nafasi, wakati juu ya uwanda wa Makonde maji yenyewe yalifuatwa chini ya mteremko na kupandishwa kichwani. Kandanda liliridhika na mpira wa matambara na kiwanja kilichofyekwa. Kriketi ikabaki mijini, hasa kwa jamii za Wahindi.

Ndanda FC, yenye jina la mji wa wilaya ya Masasi, ilipanda Ligi Kuu mwaka 2014 na kushuka 2020. Kwa upande wa kriketi, vijana wa Tanzania wa chini ya miaka 19 wamecheza Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza mwaka huu.