Kuondoa Shauri Mahakamani: Historia ya Ruhusa Moja

Katika vijiji vya Kasulu na Kibondo, mchungaji aweza kuitwa kusuluhisha ugomvi wa shamba uliokwisha kufika mahakamani. Ushauri wake huwa mfupi: "Ondoa shauri, tupatane nyumbani." Ni ushauri mwema, lakini kuondoa shauri kuna namna mbili, na tofauti yake yaweza kumpotezea mtu shamba la baba yake.

Kanuni hii haikuzaliwa Buha. Waingereza waliiandika katika sheria ya India ya mwaka 1908, kisha wakaileta Tanganyika mwaka 1920. Wakati huo nchi ya Waha ilikuwa bado mikononi mwa Wabelgiji, walioishika tangu 1916 hadi 1921. Hata baadaye, wanakijiji walizidi kupeleka mashauri yao kwa Mwami, ambako desturi ndiyo iliyoamua. Mabaraza ya jadi yalifutwa baada ya uhuru. Ndipo Bunge likatunga Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, na kanuni ile ya India ikabaki humo, katika Amri ya 23.

Yasema hivi: mdai aweza kuondoa shauri lake wakati wowote. Akiliondoa bila ruhusa, hubebeshwa gharama, wala hawezi kulifungua tena juu ya jambo lile lile. Akitaka kurudi, sharti aombe ruhusa, na mahakama iridhike kwamba shauri lina kasoro ya utaratibu itakayoliangusha, au kwamba ipo sababu nyingine ya kutosha. Kasoro ya namna hiyo ni kama kuishtaki halmashauri bila kuipa kwanza taarifa inayotakiwa na sheria.

Tena ruhusa haisimamishi saa. Madai ya ardhi yana ukomo wa miaka 12, nayo huhesabiwa kana kwamba shauri la kwanza halikufunguliwa kamwe.

Basi msuluhishi mwenye hekima asiseme tu, "Ondoa." Aulize kwanza: mapatano yamekamilika? Kama yamekamilika, Amri hiyo hiyo huruhusu mahakama kuyaandika yawe hukumu, yakawafunga wote wawili. Kama bado, mdai aombe ruhusa ya kurudi kabla hajaondoka. Amani iliyojengwa juu ya haki iliyopotea bila mwenyewe kujua haikai. Watoto huirithi kama ugomvi mpya.