Motokaa na Kompyuta Yake

Zamani fundi wa motokaa aliyatambua maradhi ya injini kwa sikio, pua na vidole. Desturi hiyo ilianza kubadilika mwaka 1967, kampuni ya Bosch ya Ujerumani ilipotia katika Volkswagen 1600 mtambo wa elektroniki wa kupima petroli iingiayo katika injini. Miaka ilivyopita, sehemu kubwa ya akili ya motokaa ilihamia katika visanduku ambavyo havisemi na fundi ila kwa njia ya kompyuta nyingine.

Mfano bora wa mambo yaliyofuata ni McLaren F1, motokaa iliyobuniwa na Gordon Murray na kuundwa Woking, Uingereza. Ilionyeshwa mwaka 1992, na kazi ya kuiunda ilipokoma mwaka 1998 zilikuwa zimetengenezwa 106 tu. Kuzichunguza hitilafu zake kulihitaji kompyuta ya kubebeka ya Compaq LTE 5280 yenye kadi maalumu ndani yake, pamoja na programu ya mfumo wa zamani uitwao DOS. Mwaka 2016 ilijulikana hadharani kwamba mafundi wa McLaren walikuwa wangali wakizitumia kompyuta hizo, na kwamba walikuwa wakizitafuta zilizokwisha tumika. Motokaa ilikuwa na thamani ya mamilioni ya dola. Kompyuta yake ilikuwa takataka machoni pa watu wengi.

Yamkini msomaji atauliza kwa nini programu za jinsi hiyo hazihamishiwi tu katika kompyuta mpya. Vizuizi ni vitatu. Kwanza, programu za DOS aghalabu ziliamuru vifaa vya kompyuta moja kwa moja, na mifumo ya siku hizi haitoi ruhusa hiyo. Windows ya biti 64 haikubali kabisa programu ya biti 16. Pili, tundu la kale la kuunganishia waya limeondolewa, na kiungo cha USB kishikacho mahali pake huweza kuuchelewesha ujumbe kwa sehemu ndogo ya sekunde, motokaa ikadhani hapana anayesema nayo. Tatu, kompyuta ya kale huweza kuigizwa ndani ya mpya, lakini kadi iliyotengenezwa kwa kazi moja haiigiziki kwa wepesi.

Marekani ilijaribu kuzuia utengano huu: tangu mwaka 1996 kila motokaa mpya iliyouzwa huko ilipaswa kuwa na tundu na lugha ya pamoja. Walakini sharti hilo lilihusu moshi na hewa chafu. Mambo mengine yalibaki katika lugha za siri za watengenezaji.

Mwaka 2016 McLaren ilikuwa ikitengeneza kiungo kipya cha kufaa kompyuta za kisasa. Iliweza, kwa kuwa maarifa ya lugha ile yalikuwa yake. Mwenye motokaa ambayo mtengenezaji wake amekufa au ameisahau hana njia hiyo. Chuma anacho, naye aweza kukipaka mafuta kikadumu; programu hudumu kwa kuandikwa upya, na hawezi kuiandika upya asiyejua lugha yake. Mtegemea cha nduguye hufa maskini. Kwa hiyo anayetaka kuhifadhi motokaa za karne iliyopita hana budi kuhifadhi pia maandishi yanayoeleza jinsi zinavyosema, kabla wanaoyajua hawajaondoka.