Jumbe Kimameta na Vitabu vya Wasafiri

Ndugu msomaji, ukiwa Arusha ukautazama Mlima Meru, utaambiwa kuwa habari za nchi hii zimo vitabuni mwa Wazungu. Ni kweli, lakini je, nani aliyewaonyesha njia?

Joseph Thomson, kijana wa Kiskoti wa miaka 25, alitoka Mombasa mwaka 1883 kwenda nchi ya Wamasai. Safari ya kwanza alirudi nyuma. Hakupita mpaka alipofuatana na msafara wa Jumbe Kimameta, mfanyabiashara wa pembe kutoka Pangani. Mwaka 1885 kitabu chake kikatoka London. Mwaka 1887 Count Teleki wa Hungary naye akamtegemea Kimameta huyo huyo. Teleki akafika Meru, kisha akaendelea hadi ziwa la kaskazini, akaliita Rudolf kwa jina la mwana wa mfalme wake. Kana kwamba wavuvi wa huko hawakuwa na jina lao! Leo laitwa Turkana.

Msinilaumu nikisema kosa si lao peke yao. Wao waliandika. Nasi, umma wa “Iqra”, kalamu tulikuwa nayo. Hata barua za biashara ya pembe tulizituma kwa herufi za Kiarabu. Ama habari za Kimameta, twazisoma kwa aliowaongoza.