Bernard Herrmann, asiyesikia la mkuu

Nilipoitazama Psycho mara ya kwanza nilifumba macho kwenye ile sehemu ya bafuni. Haikusaidia kitu, kisu kiliingilia masikioni. Hebu siku moja zima sauti pale uone: zinabaki picha za harakaharaka, pazia, maji, na mwanamke aliyeachama.

Ajabu ni kwamba Alfred Hitchcock mwenyewe alitaka muziki usiwepo pale. Alimwambia hivyo mtunzi wake, Bernard Herrmann. Herrmann akatunga hivyohivyo. Filamu ile ya 1960 ilikuwa ya pesa kidogo, tena nyeusi na nyeupe, basi naye akaacha matarumbeta na ngoma akabaki na ala za nyuzi tupu. Fidla zikalia kama ndege aliyekabwa. Hitchcock aliposikia, akakubali yaishe.

Herrmann, mzaliwa wa New York mwaka 1911, alikuwa mjuzi na mgomvi. Alitoka redioni na Orson Welles, akatunga muziki wa Citizen Kane, na mwaka huohuo wa 1941 akatunga wa filamu nyingine uliompa Oscar yake ya pekee. Kwa Hitchcock alifanya mengi, ikiwemo Vertigo ya 1958, ambayo mimi naiweka juu ya Psycho (tutabishana siku nyingine).

Kisha ikaja Torn Curtain, 1966. Studio ilitaka muziki wa kuvutia vijana, na Hitchcock naye akautaka. Tena kulikuwa na mauaji ambayo hakutaka yawekewe muziki. Herrmann, yuleyule, akayatungia. Akaja na filimbi 12, tromboni 9, na fidla hata moja hakuna. Safari hii Hitchcock alikatisha kurekodi, kazi akapewa John Addison. Basi, urafiki ukaisha.

Sasa, kosa si ni lilelile? Nadhani aliyebadilika ni Hitchcock. Marnie ya 1964 haikumwendea vizuri, na mtu mwenye hofu hana sikio la mbishi.

Herrmann akahamia London. Waliokuja kumtafuta walikuwa vijana, Brian De Palma na Martin Scorsese. Tarehe 23 Desemba 1975, huko Los Angeles, alimaliza kurekodi muziki wa Taxi Driver, akarudi hotelini, na usiku uleule akafariki, ana miaka 64. Mwaka 1977 aliwania Oscar mara mbili, kwa Taxi Driver na kwa Obsession ya De Palma. Alishinda Jerry Goldsmith.