Mgeuzo na Marekebisho: Gemu Ipi Uliyocheza?

Nchiru, kando ya barabara ya Meru–Maua, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia cha Meru anaweza kwenda na flashi yake kujaziwa Street Fighter II, akarudi na gemu ambayo Capcom haikuitengeneza. Jina ni lile lile, wapiganaji Ryu na Ken ni wale wale. Siku atakapokutana na mtu aliyejifunza toleo asilia, atachapwa asijue kilichomchapa.

Kitu hicho vijana hukiita modi. Wanaotaka Kiswahili husema "toleo lililorekebishwa", nami silikubali. Kurekebisha ni kuondoa kasoro, na kazi hiyo kwa kawaida ni ya mwenye gemu. Napendekeza mgeuzo: toleo lililobadilishwa na mtu wa nje, liwe limeboreka au limeharibika.

Mgeuzo uliovuma kuliko yote katika gemu za mapigano ulienea mwaka 1992, ukaitwa Rainbow Edition. Asili yake ni Street Fighter II Champion Edition, iliyochokorwa na watu wasio na ruhusa. Humo Ryu huruka juu na kurusha hadoken, lile tufe lake la nguvu, angali hewani, jambo lisilowezekana katika asilia. Ukibonyeza kitufe cha kuanzia, mpiganaji wako hugeuka kuwa mwingine pambano likiendelea. Kasi nayo ilipandishwa. Mizani ya mchezo ilivurugika kabisa, lakini wachezaji waliipenda ile kasi, na Capcom ikasikia. Mwishoni mwa mwaka huo huo ilitoa Hyper Fighting, yenye mwendo wa haraka na mapigo mapya ya hewani kwa baadhi ya wapiganaji. Mgeuzo ndio ulioichochea, ila Hyper Fighting imetoka kwa mwenyewe. Hiyo ndiyo inayostahili kuitwa toleo lililorekebishwa.

Lipo pia neno uhamisho, yaani gemu ya ukumbi wa michezo kupelekwa kwenye mashine ya nyumbani. Ukumbini Street Fighter II ina vitufe sita, vitatu vya ngumi na vitatu vya mateke. Super Nintendo ilivimudu vyote. Pedi ya Mega Drive ilikuwa na vitatu tu, ikabidi Sega itoe pedi mpya ya vitufe sita. Halafu kuna suala la televisheni. Mashine za mfumo wa PAL, uliotumika Kenya, zilionyesha picha 50 kwa sekunde badala ya 60, na gemu ambayo haikutayarishwa kwa hilo ilipungua kasi kwa takriban sehemu moja ya sita. Katriji ni halali, hakuna aliyeigusa, lakini mkono uliozoea ukumbini utabonyeza kabla ya wakati.

Kutia chipu kwenye PlayStation ni jambo jingine tena. Hapo kinachoguswa ni mashine, ili isome diski za kunakili au za nchi nyingine. Gemu iliyo kwenye diski, tuseme Tekken 3, hubaki vile vile.

Siupingi mgeuzo. Waliotia matatu zetu ndani ya Bus Simulator Indonesia wamefanya kazi ya ubunifu inayostahili sifa. Ninachoomba ni jina la faili liseme ukweli. Ninyi mnaowajazia wenzenu flashi, andikeni kama ni asilia, uhamisho au mgeuzo, na mwaka wake, ili mchezaji ajue anajifunza gemu ipi.